Chumvi ya Ng'onda na Chumvi ya Mtoto

Swali: Assalaam aleikum daktari. Mimi ni mama wa watoto watatu, naishi Matondoni, kisiwani Lamu. Mwezi uliopita kitindamimba wangu, mwenye mwaka mmoja na nusu, aliharisha siku mbili. Nilimpa maji ya kuchemsha, tena mengi, lakini nikaona yaingia juu yatoka chini. Macho yakadidimia, tukapanda mashua hadi mjini. Kule wakamkorogea maji ya pakiti, yale yenye chumvi na sukari, wakampa kijiko kwa kijiko. Kufika jioni alikuwa ameanza kucheka, ingawa kuharisha kwenyewe hakukukoma mpaka siku tatu baadaye. Sasa mama mkwe ashikilia kuwa dafu lingetosha, na jirani asema ni soda. Mume wangu ni mvuvi, naye aniuliza: chumvi ndiyo tunayompaka ng'onda akauke, vipi chumvi hiyo hiyo impe mtoto maji? Sikuwa na la kumjibu. Naomba unieleze maji na chakula hutoka vipi tumboni hadi damuni, na kwa nini maji matupu hayakumfaa mwanangu.

Jibu: Wa aleikum salaam, dada. Pole kwa misukosuko, na alhamdulillahi mtoto amepona. Mfikishie mumeo salamu zangu, kwa sababu ameuliza swali ambalo wanafunzi wengi wa utabibu hawajiulizi. Nitaanzia kwake, dafu na soda zitafuata.

Mkimpasua nguru mkampaka chumvi, chumvi iko nje na maji yako ndani ya nyama. Maji yana tabia moja: yakitengwa na ukuta mwembamba unaoyaruhusu kupita, hutoka upande wenye chumvi haba kwenda upande wenye chumvi nyingi. Ndiyo maana kabla jua halijafanya kazi yake, samaki huwa amelowa maji yake mwenyewe. Chumvi haikuyala yale maji, imeyaita. Jua na upepo huja kuyamaliza baadaye.

Sasa geuza picha hiyo. Ukuta ni ule wa utumbo, upande mmoja kuna uji na maji aliyokunywa mtoto, upande wa pili kuna mishipa ya damu. Chumvi ikivushwa kutoka ndani ya utumbo ikapelekwa upande wa damu, maji nayo yatavuka kuifuata. Kwa hiyo ng'onda na mwanao wanatii sheria moja. Tofauti ni chumvi imekaa upande gani wa ukuta.

Na hapa ndipo penye jibu la swali lako. Mwili hauna pampu ya maji. Hakuna kiungo chochote kinachoyashika maji kikayasukuma damuni. Tunadhani utumbo ni kama sifongo, ukimwagiwa unanyonya, lakini sivyo. Unachovusha kwa nguvu zake ni chumvi na chakula, na maji huandamana navyo. Mtu mzima wa afya hahisi jambo hili kwa sababu mate, nyongo na maji ya kongosho tayari yana chumvi ya kutosha, hivyo hata glasi ya maji matupu hukutana na chumvi njiani. Mtoto anayeharisha amekwisha kuimwaga chumvi hiyo. Maji matupu yanapofika utumboni hayakuti wa kumfuata.

Kuhusu ukuta wenyewe. Umewahi kuosha matumbo ya mbuzi siku ya Idi? Lile pande lenye manyoya kama taulo wengi hudhani ndilo utumbo, kumbe ni tumbo la kwanza la mnyama anayecheua, na sisi hatuna. Lakini sura yake inakaribiana na nitakayoisema. Utumbo mwembamba wa binadamu, ukinyooshwa baada ya mtu kufa, hufika kama mita 6, upana wake kama vidole viwili. Kwa ndani umekunjwa makunjo, na juu ya makunjo kuna vijidole vingi mno, kila kimoja hakizidi milimita moja kwa urefu. Kila kijidole kimevikwa seli, na kila seli ina nywele zake ndogo zisizoonekana kwa jicho. Makunjo hayo yote yakitandazwa, eneo la njia nzima ya chakula huwa kama mita za mraba 30, yaani sebule kubwa ya nyumba ya mawe, ndani ya tumbo linalofungwa kikoi kimoja.

Seli hizo zimepangwa safu moja tu. Unene wa seli moja ndio unaotenganisha uji wa mtoto na damu yake. Tena haziishi sana. Huzaliwa mashinani mwa vijidole, hupanda hadi nchani, na baada ya siku 3 hadi 5 hung'oka zikamwagika. Likumbuke hili la siku, nitalirudia.

Sasa mlango. Upande wa nyuma wa kila seli, ule unaotazama damu, kuna pampu isiyolala: hutoa chembe tatu za sodiamu, ambayo ni nusu ya chumvi yetu ya jikoni, na kuingiza mbili za potasiamu. Kazi hiyo hula nguvu nyingi. Matokeo yake ndani ya seli sodiamu huwa haba, na ile iliyoko utumboni inavutwa kuingia. Lakini haipiti popote itakapo. Ina milango maalumu, na mmoja muhimu kuliko yote hufanya kazi kama boti ya Mokowe: haing'oi nanga mpaka abiria watimie. Abiria wenyewe ni sodiamu mbili na glukosi moja, ambayo ni aina ya sukari, wote pamoja. Sodiamu ikija peke yake, mlango huu haugeuki. Glukosi ikija peke yake, pia haugeuki. Wakitimia, wanavushwa, sodiamu inasukumwa na ile pampu ya nyuma hadi upande wa damu, glukosi inashuka kwa mlango wake, na maji yanafuata nyuma yao.

Aliyeueleza mpango huu kwa mara ya kwanza ni Robert Crane, mwanakemia wa Marekani, mwaka 1960 katika mkutano wa wanasayansi huko Prague. Yeye alikuwa akitafuta namna sukari inavyoingia kwenye seli, kuharisha hakukuwa kazi yake. Miaka michache baadaye matabibu waliokuwa Dhaka na Kolkata wakaona maana yake: ukimpa mgonjwa sukari na chumvi kwa kipimo kinachoshabihiana, unaweza kumrudishia maji kwa mdomo hata akiwa bado anaharisha.

Jaribio kubwa halikupangwa na mtu. Mwaka 1971 vita vya kupigania uhuru wa Bangladesh viliwakimbiza mamilioni ya watu hadi India, na kipindupindu kikaingia kambini. Katika mji wa Bangaon, mpakani, daktari wa watoto Dilip Mahalanabis alijikuta na wagonjwa wamelala sakafuni na dripu zimekwisha. Akaamuru chumvi, magadi na glukosi vipimwe na kutiwa katika mifuko, vikorogwe kwenye mapipa ya maji, na wanaouguza, mama, shangazi na ndugu, wawanyweshe wagonjwa wao wenyewe. Kabla ya hapo walikuwa wakifa karibu 30 katika kila 100. Kwa maji yale ya pipa walikufa chini ya 4 katika kila 100. Mimi nikiwasikia vijana wa kazi hii wakiidharau ORS, yaani yale maji ya pakiti aliyopewa mwanao, kwa kuwa ni ya bei rahisi, huwasimulia habari za Bangaon. Dripu ina kazi yake, mtoto aliyezimia haokolewi kwa kijiko, lakini wengi wanaotundikiwa dripu hawakuihitaji.

Huenda ukauliza: utumbo mgonjwa utavushaje chochote? Sumu ya kipindupindu haivunji ule mlango wa abiria watatu. Inachofanya ni kufungua mabomba mengine ya seli, yanayomwaga chumvi ndani ya utumbo bila kukoma, na maji kama kawaida yake yanafuata chumvi nje. Ndiyo ile choo inayofanana na maji ya mchele. Mabomba yanamwaga, mlango bado unaingiza. Tunachofanya sisi ni kuhakikisha mlango haukosi abiria, ili kinachoingia kizidi kinachotoka.

Nikupe hesabu ya siku ya kawaida, ya mtu mzima asiyeumwa. Kwa kinywa huingia kama lita 2, za maji, chai na mchuzi. Halafu mwili wenyewe humimina zake: mate, maji ya tumbo, nyongo, maji ya kongosho na ya utumbo, jumla kama lita 7. Zote pamoja ni lita 9 hivi, karibu lile dumu la lita 10 mnalompakiza punda. Utumbo mwembamba hurudisha damuni zaidi ya lita 7 katika hizo. Lita moja na kitu hupita hadi utumbo mpana, nao hukamua mpaka hubaki kama mililita 100 au 200 zinazotoka na choo, yaani kikombe kimoja cha chai au pungufu. Kumbe sehemu kubwa ya maji yanayofyonzwa hatukuyanywa, ni yetu wenyewe yakizunguka. Kuharisha kunatisha kwa sababu hii: anayeharisha hapotezi tu alichokunywa leo, anapoteza lile dumu. Na dumu la mtoto wa mwaka mmoja na nusu ni dogo, hukauka upesi.

Utumbo mpana watu huudharau, wanauona ni choo tu. Una kazi ya kiwango chake. Chumvi huvushwa huko pia, kwa milango mingine, na bakteria waishio humo huyala makapi tusiyoweza kuyamega sisi, kama ya kunde na ndizi mbichi, wakatoa asidi nyepesi ambazo ukuta hunyonya pamoja na sodiamu na maji. Ukuta huo wenyewe hula asidi hizo. Mtoto akinyimwa chakula kwa sababu anaharisha, wafanyakazi hawa nao wanafungiwa jiko. Ndiyo maana tunasisitiza anyonye na ale: uji, ndizi iliyopondwa, wali laini na samaki asiye na mifupa. Ile desturi ya kupumzisha tumbo inamdhoofisha tu.

Chakula kingine nitakipitia haraka, kwa kuwa njia ni zile zile. Wanga wa wali na mkate wa mofa hukatwakatwa na vimeng'enya hadi kuwa glukosi, ndiyo hiyo inayopanda boti. Protini ya samaki hukatwa hadi vipande vidogo, navyo vina milango yao, mingine pia ikienda na sodiamu. Vyote hivyo huingia mishipa midogo ya damu iliyomo ndani ya vijidole na kupelekwa kwanza kwenye ini, likavikague na kuweka akiba, kabla ya kusambazwa mwilini.

Mafuta ndiyo yenye ukaidi. Mafuta na maji havichanganyiki, anajua kila aliyewahi kuosha sufuria ya kuku paka. Nyongo huja kufanya kazi ya sabuni, ikayavunja mafuta hadi matone madogo sana, vimeng'enya vya kongosho vikayakata, na seli zikayapokea. Ndani ya seli hufungwa upya vifurushi vyenye gamba la protini. Vifurushi hivyo ni vikubwa mno kuingia mshipa wa damu, basi hupita njia ya pembeni, mishipa ya limfu, hupanda hadi karibu na shingo upande wa kushoto, na huko ndiko vinakomwagwa damuni. Vitamini A, D, E na K husafiri katika vifurushi hivyo. Mchicha wa nazi una faida kuliko mchicha wa kuchemsha tu kwa sababu hiyo: rangi iliyomo kwenye majani, ambayo mwili huigeuza vitamini A, inahitaji mafuta ya kuipakia. Bibi zetu hawakuwa na maabara, lakini tui walitia.

Nyongo yenyewe haitupwi. Sehemu ya mwisho ya utumbo mwembamba huifyonza na kuirudisha kwenye ini ikatumike tena, kama 95 katika kila 100. Sehemu hiyo hiyo ndiyo inayopokea vitamini B12 ya samaki na nyama. Madini ya chuma yana bandari nyingine, mwanzoni kabisa, utumbo unapoachana na tumbo. Na hapa nina ugomvi na watu wangu: kahawa chungu na chai ya rangi zikinywewa papo kwa papo na chakula huyashika madini hayo yasifyonzwe. Ndimu juu ya samaki au embe baada ya kunde huyasaidia kuingia. Kahawa ya barazani isubiri saa moja au mbili, hasa kwa mama mjamzito.

Turudi kwa dafu, maana najua mama mkwe anasubiri. Mwambie kwa adabu kwamba hajakosea sana. Dafu lina maji safi, lina sukari kidogo, na lina potasiamu nyingi, ambayo mtoto anayeharisha huipoteza pia. Lililokosekana ni sodiamu, imo chache mno. Kwa hiyo glukosi ipo kwenye gati, lakini abiria wenzake wawili hawapo. Dafu ni kinywaji kizuri cha kumwongezea mtoto pamoja na ORS, na tiba ya kutegemea ni ORS.

Soda ni habari nyingine, na hapo simtetei jirani. Soda ya kawaida ina sukari kama gramu 100 kwa lita, na chumvi karibu hakuna. Maji ya ORS yana gramu 13.5 za glukosi kwa lita. Sukari ikizidi namna ile ndani ya utumbo hufanya kazi ya chumvi ya ng'onda: huyaita maji kutoka damuni kuingia utumboni. Mtoto hunywa na kuharisha zaidi. Mumeo ataelewa haraka nikimwambia ni sawa na kunywa maji ya bahari. Bahari ina kama gramu 35 za chumvi kwa lita, damu ni kama 9, basi anayeyanywa hupoteza maji zaidi, kwanza utumboni kisha kwenye figo zinazohangaika kuitoa hiyo chumvi.

Hapo ndipo kipimo kinapokuwa na maana. Zipo pakiti za kukorogwa kwa nusu lita na zipo za lita moja, soma kabla ya kupasua. Pakiti ya lita moja ikikorogwa kwenye glasi mbili inakuwa kali. Ikikosekana kabisa, tia vijiko 6 vya chai vya sukari na nusu kijiko cha chumvi, vyote vya kusawazisha, kwenye lita moja ya maji salama. Onja: yasizidi uchumvi wa machozi.

Na nyinyi wa visiwani nina neno lenu. Maji yetu matamu yako chini ya mchanga, yameelea juu ya maji ya bahari, kama pale kwenye machuguu ya Shela. Kisima kikivutwa kupita kiasi, bahari hupanda na maji huwa ya chumvichumvi. Ukikorogea ORS kwenye maji hayo umeongeza chumvi juu ya chumvi. Tumia maji matamu kuliko yote uliyo nayo, hata ya mvua yaliyohifadhiwa kwenye jabia, mradi yamechemshwa au yametiwa dawa. Yaliyokorogwa yamwagwe baada ya saa 24.

Mtoto wa chini ya miaka 2 apewe mililita 50 hadi 100, yaani robo hadi nusu kikombe, kila anapoharisha. Akitapika, ngoja dakika 10, uanze tena polepole. Kijiko kwa kijiko kina sababu: mlango hauwezi kupokea bakuli zima kwa mpigo. Na tembe za zinki, kama walimpa, mililigramu 20 kwa siku kwa aliyepita miezi 6, zimalizwe siku 10 hadi 14 hata akiwa amepona, maana husaidia ukuta kujijenga. Akilegea asishike titi, asipokojoa muda mrefu, akitoa damu chooni, au ngozi ya tumbo ukiifinya ikachelewa kurudi, usingoje asubuhi wala maji kujaa. Tafuta chombo uvuke.

Limebaki ulilolitaja kwa kupita: kwamba mtoto alicheka jioni ile ile lakini akaendelea kuharisha siku tatu. Wengi wanaona hapo dawa imeshindwa, wakakimbilia vidonge vya kuzuia kuharisha, ambavyo mtoto mdogo hafai kupewa. ORS haikuja kufunga choo. Imekuja kujaza dumu. Virusi kama rota, ambavyo tangu 2014 chanjo yake imo katika ratiba ya watoto Kenya, hula seli za nchani mwa vijidole, na seli mpya zinahitaji muda wa kupanda kutoka mashinani. Nilikwambia ni siku 3 hadi 5. Hesabu tangu alipoanza kuharisha mpaka choo kilipotulia, uone.